Kisanduku cha Risasi na Sheria za Visiwa

Wapo wengi miongoni mwetu ambao, wakisikia habari za mauaji ya bunduki huko Marekani, husema hayo ni yao Wamarekani na wenyewe watajijua, kisha huzima redio na kuendelea na shughuli zao. Hatuwalaumu sana. Habari hizo zimekuwa nyingi, na zinafanana mno, hata moyo unaota sugu. Lakini leo tunawaomba wasomaji wetu, na hasa wale waliopewa dhamana ya kutunga sheria na kuzisimamia, watuvumilie tuzungumzie kitu kimoja kidogo ambacho majimbo ya Marekani yamekuwa yakikitungia sheria na kukibishania mahakamani kwa zaidi ya miaka thelathini. Kitu hicho ni magazini.

Magazini ni kisanduku cha chuma au cha plastiki kinachoshika risasi. Ndani yake mna springi, na juu ya springi mna kibamba kinachozisukuma risasi juu, moja baada ya moja, kila bunduki inapofyatuka. Risasi zikiisha, mpigaji hana budi akichomoe kisanduku hicho na kupachika kingine. Mkono uliozoea hufanya kazi hiyo kwa sekunde mbili au tatu. Mkono unaotetemeka huchukua zaidi, na pengine hukiangusha chini. Ubishi wote wa Marekani juu ya magazini, pamoja na kesi zake, mawakili wake na mamilioni ya dola yaliyotumika, ni ubishi juu ya sekunde hizo.

Sekunde hizo zina thamani gani? Tarehe 8 Januari 2011, katika mji wa Tucson, jimbo la Arizona, Mbunge Gabrielle Giffords alikuwa nje ya duka akizungumza na wananchi wa jimbo lake la uchaguzi. Kijana mmoja akamjia na bastola iliyopachikwa magazini ya risasi 33. Watu 6 wakafa, akiwemo mtoto wa kike wa miaka tisa, na wengine 13 wakapigwa risasi, Mbunge mwenyewe akiwa mmojawapo. Mtu huyo hakusimamishwa na polisi. Alisimamishwa pale alipoimaliza magazini ya kwanza na kutaka kupachika nyingine: wananchi wakamwangusha chini, na mama mmoja akamnyang'anya hiyo magazini ya pili. Nafasi ya kumkamata ilitokea mara moja tu. Kama kisanduku chake kingebeba risasi 10, nafasi kama hiyo ingetokea mapema zaidi. Hatusemi kwamba wote wangepona, maana hilo hakuna binadamu awezaye kulisema.

Mwaka uliofuata, tarehe 14 Desemba 2012, katika shule ya msingi ya Sandy Hook, jimbo la Connecticut, muuaji mwenye magazini za risasi 30 alifyatua risasi 154 katika muda usiofika dakika tano. Watoto 20 na watu wazima 6 waliuawa pale shuleni. Taarifa za baadaye zilieleza kwamba watoto kadhaa waliponyoka mlangoni wakati bunduki iliponyamaza. Kwa hiyo Connecticut ikaweka kikomo cha risasi 10 mwaka 2013. Colorado nayo, iliyokuwa imezika watu 12 waliouawa katika jumba la sinema mjini Aurora mwezi Julai 2012, ikaweka kikomo cha risasi 15. Wawakilishi wa Colorado walilipia uamuzi huo. Mwezi Septemba 2013 wapiga kura wa majimbo mawili ya uchaguzi waliwaondoa maseneta wao kabla ya muda wao kwisha, na mmoja wao alikuwa ndiye rais wa Seneti ya jimbo. Sheria yenyewe, hata hivyo, haikuondoka pamoja nao.

Yafaa kukumbusha kwamba Marekani nzima iliwahi kuwa na sheria ya namna hii. Kuanzia Septemba 1994 sheria ya Shirikisho ilikataza magazini mpya za zaidi ya risasi 10. Ilipewa umri wa miaka kumi, na ulipotimia mwezi Septemba 2004 Bunge la nchi hiyo halikuihuisha. Isitoshe, hata ilipokuwa hai ilikuwa na tundu kubwa, kwani magazini zilizotengenezwa kabla yake ziliachwa ziendelee kuuzwa na kununuliwa kihalali. Wafanyabiashara wakauza akiba ya zamani kwa bei ya juu, na hapo ndipo watu walipojifunza kuwa kinachokaribia kukatazwa huwa bidhaa bora. Tangu mwaka 2004 kila jimbo limebaki na lake. Zaidi ya majimbo kumi yana kikomo: New Jersey ilianza na risasi 15 mwaka 1990 na kushusha hadi 10 mwaka 2018, Delaware ikachagua 17, Illinois mwaka 2023 ikaweka 10 kwa bunduki ndefu na 15 kwa bastola. Ukivuka mpaka wa jimbo, mara nyingi kikomo hakipo kabisa. Mkazi wa Chicago hahitaji zaidi ya saa moja ya gari kufika Indiana, ambako sheria ni nyingine. Ni sawa na kuziba tundu la dau upande mmoja huku jirani analitoboa upande wa pili.

Hapa ndipo habari inapotuhusu sisi watu wa visiwani.

Hawaii ni jimbo la visiwa vitupu. Liliingia katika Marekani kama jimbo kamili mwaka 1959, na kutoka Honolulu hadi pwani ya California ni karibu kilomita 3,850 za maji. Mtu hawezi kwenda Hawaii kwa gari akiwa na magazini buti ya nyuma. Kila kinachoingia hupita bandarini au katika uwanja wa ndege. Mwaka 1992, miaka miwili kabla ya sheria ya Shirikisho, Baraza la Kutunga Sheria la Hawaii lilikataza kutengeneza, kumiliki, kuuza, kubadilishana, kutoa zawadi au kupokea magazini ya bastola inayobeba zaidi ya risasi 10. Tunawaomba wasomaji waangalie maneno hayo kwa makini. Sheria haikusema kuuza tu, wala haikusema mpya tu. Ilisema kumiliki. Tena ikaongeza kwamba magazini kubwa iliyopunguzwa ili ibebe 10 inakubalika, mradi isiwe yenye kurejeshwa katika hali yake ya kwanza kwa urahisi. Maana waliijua akili ya fundi. Kuwa nayo ni kosa dogo, lakini ikikutwa imepachikwa ndani ya bastola kosa linakuwa kubwa.

Sheria hiyo haikusimama peke yake. Hawaii humtaka kila anayenunua silaha apate kwanza kibali kwa mkuu wa polisi wa wilaya yake, na kila silaha iandikishwe, hata ile anayokuja nayo mgeni anayehamia. Jimbo hilo limekuwa kwa miaka mingi miongoni mwa yale yenye vifo vichache kabisa vya bunduki kwa hesabu ya wakazi wake. Ni sehemu gani ya sifa hiyo inatokana na magazini, na ni sehemu gani inatokana na vibali, uandikishaji na bahari yenyewe, si rahisi kupambanua, na anayedai kuipambanua kwa asilimia kamili tumtilie shaka. Wala Hawaii haikusalimika kabisa. Tarehe 2 Novemba 1999 mfanyakazi mmoja mjini Honolulu aliwaua wenzake 7 kazini. Watetezi wa bunduki hulitaja tukio hilo kuonyesha kwamba sheria ni karatasi tu. Sisi tunaona kwamba sheria ya kupunguza madhara haiahidi kuyamaliza, kama vile jaketi la kujiokolea halimwahidi baharia kuwa chombo hakitazama.

Tuna lawama yetu kwa sheria ya Hawaii. Iliandikwa kwa ajili ya bastola. Bunduki ndefu hazikutajwa, kana kwamba risasi ya bunduki ndefu haiui. Tundu la aina hiyo, dogo katika maandishi, linaweza kuwa kubwa sana siku ya msiba, na hili halituhitaji kulikisia, kwani limeonekana New Zealand.

Ijumaa ya tarehe 15 Machi 2019, waumini 51 waliuawa katika misikiti miwili ya mji wa Christchurch, walipokuwa katika sala ya Ijumaa. Hakuna nyumba hapa Unguja na Pemba ambayo haikuguswa na habari ile. Wengi wetu tulitoka msikitini mchana ule na kuikuta redioni. Tulilia, tukasoma dua, na baadaye tukasahau kuuliza swali ambalo mtunga sheria hana haki ya kulisahau: silaha zile zilipatikanaje?

Zilipatikana dukani, kihalali. Sheria ya New Zealand ya wakati ule ilimruhusu mwenye leseni ya kawaida kununua bunduki inayojipakia yenyewe, mradi magazini yake isizidi risasi 7. Ikipachikwa magazini kubwa zaidi, bunduki ile ile ilihesabiwa kuwa ya kijeshi, na mwenyewe alihitaji kibali cha juu ambacho hakitolewi ovyo. Ukiisoma haraka, ni sheria kali. Lakini magazini yenyewe, kile kisanduku cha plastiki, mtu yeyote aliweza kukinunua bila kuonyesha leseni ya namna yoyote. Sheria ilimkataza mtu kuviunganisha vitu viwili huku ikimwacha avinunue vyote viwili. Muuaji alikuwa na leseni ya kawaida. Alinunua bunduki, akanunua magazini kubwa, akaviunganisha nyumbani kwake, na hakuna afisa aliyekuwa na njia ya kujua.

Katika msikiti wa pili, muuaji aliporudi garini kuchukua silaha nyingine, muumini mmoja alimfuata nje akiwa na mashine ndogo ya kulipia kwa kadi, ndiyo pekee iliyomjia mkononi, akamtupia. Kisha akaokota bunduki iliyokwisha risasi na kutupwa chini, akaivurumisha kwenye kioo cha gari la muuaji, naye akakimbia. Msomaji atakumbuka yule mama wa Tucson. Watu hawa wawili, mmoja Arizona na mmoja New Zealand, hawakujuana wala hawakuwa na silaha, na wote wawili walitumia muda ule ule: muda ambao bunduki ilikuwa tupu.

Serikali ya New Zealand haikungoja. Tarehe 10 Aprili 2019, siku 26 baada ya msiba, Bunge lilipitisha sheria mpya kwa kura 119 dhidi ya 1. Silaha nyingi zinazojipakia zenyewe zikapigwa marufuku, na safari hii magazini yenyewe ikatajwa kwa jina lake, kama kitu kinachosimama peke yake. Serikali ikawalipa wananchi waliosalimisha vyao, na hadi mwisho wa mwaka huo zilikuwa zimekusanywa silaha zaidi ya 56,000 na sehemu za silaha, zikiwemo magazini, zaidi ya 188,000. Idadi hiyo ya pili ndiyo inayotushtua. Ni mali iliyokuwa imelala makabatini, nje ya macho ya sheria, katika nchi ya visiwa inayosifika kwa utulivu. Usipoziba ufa utajenga ukuta. Wenzetu wa New Zealand walijenga ukuta wao juu ya makaburi 51.

Bahari, basi, haitoshi. Tasmania nayo ni kisiwa, na sheria zake za silaha zilikuwa miongoni mwa zile legelege kabisa katika Australia pale mtu mmoja alipoua watu 35 huko Port Arthur tarehe 28 Aprili 1996. Maji yalikuwepo pande zote, lakini hayakuwa na la kuzuia.

Turudi Marekani, maana huko jambo hili bado linapiganiwa. Wapinzani wa vikomo wana hoja zao, na si zote za kupuuzwa. Husema kwamba mhalifu haheshimu kikomo, na kwamba anayeumia ni raia mwema anayeamka usiku akiwa na hofu, mikono ikimtetemeka, ambaye ndiye hasa asiyeweza kubadili magazini gizani. Husema pia kwamba polisi wameachiwa magazini kubwa, na kuuliza kwa nini maisha ya polisi yahesabiwe zaidi ya yao. Hoja hiyo ya pili ina uzito. Ya kwanza tunaigeuza: ikiwa sekunde tatu zinatosha kumwangamiza mwenye nyumba, basi zinatosha vile vile kumwokoa mtoto wa shule. Mtu hawezi kuzipima sekunde zile zile kwa mizani mbili.

Hoja yao kubwa, hata hivyo, ni ya Katiba. Mabadiliko ya Pili ya Katiba ya Marekani, ya mwaka 1791, yanalinda haki ya watu kuwa na silaha. Mwezi Juni 2022 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua, katika kesi iliyotoka New York, kwamba sheria ya silaha itasimama tu ikiwa inalingana na desturi za kihistoria za kudhibiti silaha nchini humo. Tangu hapo mawakili wamekuwa wakichimbua sheria za zamani za kisu kirefu, za bunduki za mtego, na za kiasi cha baruti ambacho mtu aliruhusiwa kuweka nyumbani, ili kuamua habari ya springi na plastiki ambayo wazee wale hawakuiota. Tunakiri kuwa utaratibu huo unatushinda kuuelewa. Katika nchi hiyo hiyo, tangu mwaka 1935, kanuni za Shirikisho zinamkataza mwindaji wa bata wanaohama kutumia bunduki ya marisau inayobeba zaidi ya risasi tatu. Bata walipewa ulinzi wao bila ya mtu kufukua karne ya kumi na nane.

Kesi iliyotazamwa zaidi ni ya California, ambako wapiga kura wenyewe mwaka 2016 waliunga mkono kukataza hata kumiliki magazini za zaidi ya risasi 10. Mwezi Machi 2019 jaji mmoja aliitengua sheria hiyo, na uamuzi wake ukasimama kwa wiki moja tu kabla ya kuzuiwa. Katika wiki hiyo inakadiriwa kuwa zaidi ya magazini milioni moja ziliagizwa. Mwezi Machi 2025, Mahakama ya Rufani inayosimamia majimbo ya magharibi iliirejesha sheria kwa kura za majaji 7 dhidi ya 4, ikisema kwamba magazini kubwa si silaha, wala si kifaa kinacholindwa na Katiba. Jaji mmoja miongoni mwa waliopinga alirekodi video akifungua bastola ofisini mwake ili kuwaonyesha wenzake kuwa wamekosea. Wenzake hawakufurahi, nasi tunaona majaji wetu wanafanya vyema kubaki na kalamu. Mahakama hiyo ndiyo inayosimamia pia Hawaii. Kwa hiyo hukumu inayotolewa kuhusu California, mahali ambapo mtu huweza kuvuka mpaka kwa gari hadi Nevada, hufika mpaka Honolulu, ambako mpaka ni bahari.

Hilo ndilo tunaloona si haki. Kisiwa si kipande cha bara kilichozungukwa na maji tu. Hatari zake huingia kwa njia yake, na milango yake inahesabika, nacho kinaweza kuifanya sheria ifanye kazi pale ambapo bara litashindwa. Jimbo la Hawaii limetunza sheria yake tangu mwaka 1992 bila ya kuizuia California au Texas kuwa na yake. Mahakama inayolipima kwa kipimo kile kile cha jimbo lililopakana na mengine matatu au manne inaacha kuangalia jambo la msingi kabisa, ambalo ni jiografia.

Kwa upande wetu, mambo ya polisi na ulinzi ni ya Muungano, na leo hatukusudii kuufungua mjadala huo. Tuna ombi dogo zaidi. Wanaohusika na sheria za silaha, wa huku na wa bara, wazisome upya kwa jicho la Christchurch. Waangalie kama magazini imetajwa kwa jina lake au imeachwa ijifiche ndani ya neno lingine. Kama mtu anaweza kuinunua, kuiagiza au kuipokea mbali na bunduki yenyewe. Na kama afisa wa forodha wa Malindi au wa Wete, akiikuta peke yake ndani ya mzigo wa vipuri, ana kifungu cha kumshikia mwenye mzigo. Tusijitie matumaini kuwa mizigo yote hupita Malindi na Wete. Bandari bubu tunazijua, na wanaozitumia wanazijua zaidi yetu.

Kifungu cha Hawaii hakizidi nusu ukurasa. Ripoti ya Tume ya Kifalme ya New Zealand, iliyoeleza hatua kwa hatua jinsi silaha zile zilivyonunuliwa, ilitolewa hadharani tarehe 8 Desemba 2020, na mtu yeyote anaweza kuipata. Tunaomba viwekwe vyote viwili mezani kwa wanaohusika, Unguja na Dodoma, na wananchi waelezwe kilichoonekana.